Nilivyokwenda Ulaya Kutetea Ajali

Nianze na wanakwaya wenzangu mlionichangia sweta. Asanteni. Limerudi salama, halijavaliwa, na anayelihitaji aje alichukue. Nilisema naenda Ulaya kwenye mdahalo wa falsafa ya zama za kati, na kila neno katika sentensi hiyo lilikuwa kweli. Ulaya ni kata, iko wilaya ya Kilosa, unaipita ukielekea Mikumi. Mlioelewa vingine mlijielewesha wenyewe. Nakiri niliona mnavyoelewa nikanyamaza, hasa Mama Tekla aliponiagiza manukato. Hilo nimeshaliungama, na padri aliyenisikiliza alikohoa kwa muda mrefu kabla ya kunipa malipizi.

Kwa kuwa tangu nirudi siwezi kutoka mlangoni mwa kanisa bila kushikwa mkono na kuulizwa ilikuwaje, nimeandika yote hapa. Someni, mniachie mkono wangu.

Jambo lenyewe lilikuwa neno moja. Mnajua kwamba kwa miaka tisa natafsiri kitabu cha kufundishia mawazo ya wale wanazuoni wa kale, waliofanya falsafa na teolojia kwa kuulizana maswali na kupingana mpaka jasho liwatoke. Wao walisema kila kitu kina dhati, yaani kile kinachokifanya kiwe kitu hicho, halafu kina mambo mengine yanayokipata tu: rangi, unene, joto, mahali kilipo. Mbuzi ni mbuzi kwa dhati yake. Kukonda kunampata tu. Sasa hayo yanayokipata kitu, Kilatini huyaita kwa neno lilelile ambalo Wazungu wa leo wanalitumia gari likipinduka. Basi mimi nikaandika ajali. Dhati na ajali. Nikaona nimepatia kweli.

Padri Gaudensi akasema nimeharibu kitabu kizima. Huyu ndiye aliyenifundisha falsafa nikiwa binti wa miaka ishirini, na sasa ana miaka themanini na mitatu, anaishi Kilosa na macho yake yanafifia. Yeye alitaka aradhi, neno walilotumia wanafalsafa wa Kiarabu. Akaapa kwamba ajali ikibaki haandiki dibaji. Dibaji ningeweza kuikosa nikaishi. Nisichoweza ni kumkosa yeye. Katika miaka yote hiyo hajawahi kuniambia hata mara moja, "Leokadia, hapa umepatia," na niliona macho yake yakizimika kabla sijalisikia hilo.

Tulibishana kwa simu mpaka salio likaisha, lake na langu. Mwisho akasema wanazuoni hawakumaliza ubishi chumbani, walisimama mbele za watu. Neno lake litajaribiwa Ulaya, langu Mikumi. Litakaloeleweka na watu wa kawaida ndilo litakaloingia kitabuni, na atakayeshindwa asinung'unike tena mpaka kaburini.

Morogoro hadi Kilosa

Kwenye treni nilikaa na mama mmoja aliyekuwa anakwenda Dodoma kumtazama mjukuu. Baada ya kusalimiana akaniuliza naelekea wapi.

"Ulaya," nikasema.

"Ulaya. Na utashukia wapi?"

"Kilosa. Nitalala hapo, kesho kukikucha naingia Ulaya kwa gari."

Akanitazama vizuri, kuanzia kilemba mpaka viatu. Kisha akanipa chungwa, akageukia dirishani, na nikaona midomo yake ikichezacheza. Alikuwa ananiombea. Chungwa nililila lote na sikumsahihisha.

Kilosa nilimwambia bodaboda anipeleke kwa Padri mzee. Akasema anamfahamu sana, ni mtu wake. Tukaenda, tukakata kona, tukasimama mbele ya kilabu cha pombe. Akatoka mzee mwenye tumbo, amevaa fulana, akanikaribisha kwa mikono miwili. Kumbe huyo naye anaitwa Padri, mji mzima, kwa sababu Jumapili hafungui mpaka misa iishe. Ningeondoka pale pale ningemdhalilisha mwenyeji wangu, kwa hiyo nilikaa, nikanywa soda, nikasikiliza historia ya babu yake aliyekuja kufanya kazi reli na asirudi kwao. Historia ile ilikuwa ndefu kuliko reli yenyewe. Nilipofika kwa Padri wa kweli nilikuwa nimechelewa saa nzima.

Alikuwa barazani, mkongojo magotini.

"Shikamoo, Baba."

"Natofautisha," akasema. "Kwa shikamoo yako, marahaba. Kwa kuchelewa kwako, hapana."

Hilo ndilo neno lake, natofautisha. Wanazuoni walilitumia kukata swali vipande viwili ili wakubali kimoja na kukataa cha pili. Yeye analitumia kwa kila kitu. Ukimuuliza kama ameshiba: natofautisha, tumbo limeshiba, ulimi bado. Mpishi wake aliniambia kwamba siku hizi hamuulizi chochote, anamwekea sahani anaondoka. Tulikula wali kwa maharage na mchicha, akaulizia kitabu kimefika wapi. Nikamsomea kurasa tatu. Alisikiliza macho ameyafumba. Kila nilipotamka ajali, alikuna mguu.

Kilosa hadi Ulaya

Gari letu lilikuwa Noah, na dereva ni Athumani, mtu mpole mwenye mashairi ya kaswida kwenye redio. Mvua ilikuwa imenyesha siku mbili mfululizo. Hatukwenda mbali tukazama kwenye tope, magurudumu yakawa yanazunguka bure. Athumani akashuka. Mimi nikashuka, nikakunja gauni. Wakapita vijana wawili na baiskeli, wakaziegesha wakaja kusukuma nasi. Padri akabaki kwenye kiti chake, akateremsha kioo, akaanza kutufundisha.

"Mnaona? Kila kinachosogea kinasogezwa na kingine. Gari linasogezwa na ninyi. Ninyi mnasogezwa na nia yenu. Na nia yenu inasogezwa na nani? Hatuwezi kurudi nyuma bila mwisho."

"Padri," akasema Athumani, shavu lake lina tope, "shuka basi uwe mmojawapo wa hao kina nani."

Akashuka, akaweka kiganja kimoja kwenye gari. Gari likatoka mara moja, na njia nzima alidai ni kwa sababu ya yeye kusukuma. Athumani akasema ni kwa sababu ya uzito wake kutoka ndani. Hawakuafikiana.

Mwenyeji wetu Ulaya alikuwa katekista, mtu msafi, mwandiko wake unapendeza. Padri alikuwa amemtumia ujumbe abandike tangazo: Mdahalo wa Wazi, Dhati na Aradhi, Wote Karibuni. Tulipofika tulikuta uwanja wa kanisa umejaa watu mpaka nje ya ua. Kulia walikaa wakulima, wengine wana makaratasi yaliyokunjwa mara nyingi. Kushoto walikaa wafugaji, fimbo zimeegemezwa begani. Mbele, kwenye meza, mwenyekiti wa kijiji na jalada lake.

Padri alisikia mvumo wa watu wale akanishika mkono. "Leokadia, unasikia? Watu wana njaa ya falsafa."

Mimi macho yangu yalikuwa kwenye tangazo. Katekista, kwa heshima zote, aliona Padri mzee amekosea herufi, akamsahihishia. Tangazo lilisema: Mdahalo wa Wazi, Dhati ya Ardhi.

Ningeweza kusema. Nilifikiria, kweli nilifikiria. Lakini lilikuwa neno lake, si langu, na mashindano ni mashindano. Nikakaa.

Padri akasimama, akasalimu, akaanza moja kwa moja. "Ndugu zangu, aradhi haisimami peke yake. Daima ni ya mwenyewe."

Upande wa kulia ukapiga makofi mpaka vumbi likatimka.

"Lakini," akaendelea, amefurahi, "aradhi yaweza kubadilika, na mwenyewe akabaki yuleyule."

Makofi yakakatika. Mzee mmoja wa upande wa wafugaji akasimama taratibu. Wanamwita Mzee Lekishoni, na wenzake wote walimgeukia.

"Padri, shikamoo."

"Marahaba."

"Unasema inabadilika. Inabadilika kwenda kwa nani?"

Mwenyekiti akafungua jalada. Hapo niliona damu inaweza kumwagika kwa ajili ya sarufi, nikasimama nikaeleza yote: herufi moja, neno la kale, kitabu. Watu wakanitazama, wakamtazama katekista, na katekista akatazama viatu vyake. Nilidhani watatufukuza. Lakini walikuwa wameshatembea kuja, jua limepanda, na akina mama wa upande wa kulia walikuwa na mahindi ya kuchemsha kwenye masufuria. Mama mmoja akasema, "Basi tuambieni hicho mlichokuja nacho, ilimradi tusirudi bure."

Padri akashika mfano rahisi. Chukua ng'ombe, akasema. Dhati yake ni ng'ombe. Rangi yake ni aradhi. Ukimpaka rangi nyingine, bado ni ng'ombe yule yule.

Mzee Lekishoni alikuwa hajakaa. "Padri, wewe huna ng'ombe."

"Sina."

"Ndiyo maana. Rangi ndiyo jina lake. Namwita kwa rangi yake, anakuja. Mtoto wangu akipotea na ng'ombe, naulizia rangi, watu wote wanamjua. Ukibadilisha rangi, umenipa ng'ombe mwingine. Yule wangu umempeleka wapi?"

Wakulima wakacheka, wafugaji wakacheka, na mwenyekiti akafunga jalada. Padri akafungua mdomo, nikasikia "Nato," halafu haikuendelea. Akakaa. Tulikula mahindi ya wakulima, tukanywa maziwa ya kibuyu ya wafugaji, yana harufu ya moshi na yamekolea vizuri. Pande mbili zile zilikula pamoja, zikibishana kwa sauti kama ng'ombe aliyepakwa rangi anarithiwa. Mimi nilikunywa kikombe cha pili kwa raha. Aradhi ilikuwa imeanguka.

Ulaya hadi Mikumi

Njia yote mpaka Zombo nilikuwa naimba. Padri alijifanya amelala. Pale Zombo tairi likatoboka, na wakati Athumani anabadilisha, Padri akasema bila kufumbua macho, "Neno halikushindwa. Tangazo ndilo lililoshindwa."

"Baba, tulikubaliana hakuna kunung'unika."

"Natofautisha. Kunung'unika ni kitu kimoja, kusahihisha kumbukumbu ni kingine."

Karibu na Mikumi tulisimama tule maandazi tuliyopewa Ulaya. Nyani dume akashuka mtini, akaja kwa hatua za afisa, akachukua mfuko wote mapajani mwa Padri, akaenda kukaa upande wa pili wa barabara. Padri alihisi tu mapaja yamekuwa mepesi. Tulipomweleza akauliza kama tunaweza kusema nyani ameiba. Wizi unataka ujue kwamba kitu ni cha mwingine, na unataka hiari. Nikajibu kwamba alitutazama kwanza kabla ya kuchukua, kwa hiyo alijua. Padri akasema kutazama si kujua. Tukaendelea hivyo mpaka nyani akamaliza andazi la mwisho.

"Kaiba," akasema Athumani, akawasha gari.

Mikumi

Kwa Mikumi sikumwachia mtu tangazo. Niliandika mwenyewe, kwa herufi kubwa, nikalituma kwa picha: Dhati na Ajali, Mazungumzo ya Wazi, Watu Wote. Hakuna herufi ya kukosea. Nililala usingizi mzuri, asubuhi nikavaa kitenge changu kipya.

Nikaingia ukumbi wa kanisa. Safu nne za mbele zilikuwa bodaboda, wamevaa vizibao vya kung'aa, helmeti magotini. Nyuma yao madereva wa malori. Kando ya dirisha, askari wa usalama barabarani, daftari limefunguliwa, kalamu tayari.

Mikumi, jamani. Mji umekaa juu ya barabara kuu, magari yanapita usiku na mchana, na mimi nimekuja na neno ajali nikidhani watakuja kunisikiliza habari za wanazuoni. Padri alikuwa nyuma yangu. Alisikia helmeti zikigongana, akasikia askari akikohoa, akaelewa kabla sijamwambia. Uso wake ukachanua. Akaomba kiti cha mbele kabisa.

Kiburi si maungwana. Badala ya kuomba radhi, nilianza.

"Ajali," nikasema, "haiwezi kuwepo peke yake. Lazima iwe ndani ya kitu fulani."

"Kweli," akasema bodaboda mmoja. "Haiji bila chombo."

"Na hakuna kitu duniani kisicho na ajali."

"Ajali haina kinga," wakaitikia wengi, kwa huzuni ya kawaida.

Nilijaribu kutoka hapo kwa kwenda kwenye mfano mkubwa, ule ambao wanazuoni waliuumizia kichwa kuliko yote. Nikasema kwamba kwa imani yetu, katika ekaristi, dhati ya mkate inaondoka, lakini ajali zake, ladha, weupe, umbo, zinabaki. Wanazuoni wenyewe walisema haya ni mambo ya ajabu, kwamba ajali ibaki wakati chenyewe hakipo.

Askari akainua kalamu. "Mwalimu, rudia hapo. Gari limeondoka, ajali imebaki?"

"Kwa namna fulani."

"Hao ndio tunaowatafuta," akasema, akaandika.

Ukumbi ukaangua kicheko. Padri alicheka mpaka akatoa leso. Nami nikacheka, kwa sababu ningefanyaje, nimeshindwa mbele ya mashahidi. Nilikuwa najiandaa kufunga mazungumzo nikanywe chai, ndipo mtu mmoja akasimama nyuma. Alikuwa mwanamume wa makamo, kofia ya kufuma kichwani, mikono yake ina weusi wa mpira usiotoka kwa sabuni.

"Mwalimu, naitwa Shabani. Mimi ni fundi wa pancha hapo barabarani. Si wa kanisa hili, nimekuja kwa ajili ya tangazo. Umesema chenyewe kinaweza kuondoka, ajali ikabaki."

"Nilisema, lakini nilikuwa na maana ya..."

"Ni kweli," akasema. "Mke wangu alikuwa akipika chai na chapati mbele ya banda langu. Mwanahawa. Watu walikuwa wanawaambia makondakta, nishushe kwa Mwanahawa. Kituo kikawa kinaitwa hivyo. Halafu lori likaacha njia. Tangu siku hiyo makondakta wanapaita Ajali. Basi likikaribia wanasema, Ajali, wa Ajali mjiandae. Mimi nipo pale nafunga tairi, nasikia. Mwaka wa tatu huu. Mwenyewe ameondoka. Ajali imebaki. Nilidhani wamekuja wakubwa wa mambo haya, nikasema nije niulize kama hilo jina linaweza kuondolewa."

Hakuna aliyecheka. Nilikuwa na majibu ya wanazuoni kuhusu majina na vitu, majibu mazuri, mengine kwa Kilatini, na sikuweza kutoa hata moja. Niliona aibu. Nikamwambia ukweli, kwamba sikutoka ofisi yoyote, nimekuja tu kutetea neno.

"Neno gani?"

"Hilo hilo."

Akaitikia kwa kichwa, hakunilaumu, akakaa.

Padri akasimama, akijishika kwenye kiti. Nilingoja natofautisha. Akauliza, "Shabani, chapati zake zilikuwaje?"

Kabla Shabani hajajibu, bodaboda wa safu ya pili akasema zilikuwa nene, na akikupenda anakuwekea ile ya pembeni iliyoungua kidogo. Dereva wa lori akasema alikuwa anamwamsha kwa kugonga mlango wa lori na mwiko. Askari akafunga daftari, akasema alikuwa akimfokea asisimame mbele ya meza yake na magwanda, anafukuza wateja. Ikawa hivyo kwa muda mrefu, huyu anasema, yule anaongeza. Shabani alikaa akisikiliza, mara mbili akawasahihisha.

Tulipotoka, Padri aliniambia tukiwa uani, "Leokadia, hapa umepatia. Miaka hamsini nimefundisha neno lile, halijawahi kueleweka kama leo. Weka ajali."

Hicho ndicho nilichokisubiri maisha yangu yote, na kikaja siku nisiyokitaka. "Silitaki tena, Baba. Lina mwenyewe."

Akaanza kulitetea, kwa hoja zangu zile zile za simu, na kwa ufasaha kuliko mimi. Nami nikatetea aradhi kwa hoja zake, kasoro zote pamoja. Tulibishana mpaka chai ikapoa, kila mmoja amekaa kiti cha mwenzake. Nimeandika aradhi. Dibaji ataandika, lakini amesema atatamka wazi humo kwamba hakubaliani na neno.

Mikumi hadi nyumbani

Asubuhi Athumani akamchukua Padri kumrudisha Kilosa. Mimi nilikuwa napanda basi la Morogoro, nikaenda kulingojea kwenye banda la Shabani. Alinipa kigoda, akaendelea na tairi lake.

Kondakta, aliyepewa namba yangu nilipokata tiketi, akanipigia simu. "Mama, tunakaribia Mikumi. Unapandia wapi?"

"Kwa Mwanahawa."

"Wapi?"

"Kwa Mwanahawa. Mbele ya banda la pancha."

"Mama, mimi njia hii naifanya kila siku. Kituo hicho hakipo."

Shabani aliinua kichwa. "Mwambie tu, Mwalimu. Utaachwa."

"Basi niachwe."

Nikakata simu. Basi likaja, nikapunga mkono, likanipita na upepo wake na vumbi lake, likaenda kusimama mbali kabisa. Kondakta akashuka akaja kwa miguu, amekasirika kwelikweli, akalichukua begi langu.

"Mama, si ungesema tu Ajali, ukatuondolea usumbufu?"

"Sijui hapo mahali," nikamwambia. "Hapa ni kwa Mwanahawa. Mwenye banda huyu hapa, Mwanahawa alikuwa mke wake."

Akamtazama Shabani. Tukatembea mpaka basi, nikapanda ngazi, abiria wananitazama vibaya. Kondakta akabaki chini, mkono mlangoni, akapiga bodi ya basi mara mbili kumwashiria dereva.

"Twende, suka. Wa kwa Mwanahawa kapanda."

Nikageuka kwenye kioo cha nyuma. Shabani alikuwa ameliacha tairi chini, amesimama katikati ya banda.